Nani Anachimba Vibraniamu?

Swali liliulizwa Alhamisi jioni, ndani ya hangari tunamolia chakula, mara tu baada ya filamu kuisha. Aliyeuliza ni mvulana wa miaka 16, mtu wa upande wa Kalehe, mmoja wa wale wanaokaa nyuma na kuondoka bila kuaga.

"Yaya, kule ni nani anachimbaka?"

"Kule wapi?"

"Wakanda. Ile jiwe yao. Niliangalia mpaka mwisho, sikuona mutu wa kuchimba."

Wenzake wakacheka. Na mimi nikacheka, sitajifanya mtakatifu hapa. Mafuta ya jenereta yalikuwa yanaisha, dada wa shirika alikuwa ameanza kukunja nyaya, na zoezi la kuchora tulikuwa tumeliahirisha mpaka kesho yake. Nikamwambia, "Keti kwanza, mdogo wangu, tutaongea siku nyingine."

Siku hiyo nyingine haikufika. Wiki tatu baadaye mkeka wake ulikuwa mtupu, na waliokuwa wakilala naye wakasema amerudi ng'ambo, kwenye mashimo. Hapa Rusizi kurudi ng'ambo hakuhitaji mpango mkubwa. Ukisimama Kamembe usiku unaziona taa za Bukavu kama vile ni mtaa mwingine wa mji huohuo, na daraja lenyewe ni fupi kuliko foleni yetu ya maharage.

Kwa hiyo naandika nikiwa na hasira. Nasema mapema ili msomaji asije akashangaa katikati. Sehemu ya hasira hiyo inawahusu ninyi wenye vizibao vya mashirika, na najua mnasoma kijitabu hiki, maana nakala zake naziona juu ya meza zenu. Sehemu inawahusu wazazi wetu. Kipande kikubwa ni changu mwenyewe.

Kwa asiyeiona Black Panther, nieleze kidogo. Ni filamu ya mwaka 2018, ya Ryan Coogler. Ndani yake kuna nchi ya Afrika iitwayo Wakanda, ambayo haipo kwenye ramani yoyote ya kweli. Miaka mamilioni iliyopita kimondo kilianguka pale kikiwa kimejaa vibraniamu, na vibraniamu si chuma cha kawaida. Ukikipiga kinameza pigo, halafu kinaweza kukurudishia. Kinafuma nguo zisizotobolewa na risasi, kinaendesha treni zisizogusa reli, kinaponya jeraha la uti wa mgongo kwa usiku mmoja. Kimeingia mpaka ndani ya mimea, ndiyo maana mfalme akinywa maji ya ua fulani anapata nguvu za chui. Watu wa Wakanda walijenga kila kitu juu ya jiwe hilo, halafu wakajificha. Dunia inadhani ni wachungaji maskini wenye blanketi na mbuzi.

Sidharau. Waigizaji wake wengine ni watu wa huku kwetu: Lupita Nyong'o ana wazazi Wakenya, Florence Kasumba alizaliwa Kampala, Daniel Kaluuya alizaliwa London kwa wazazi Waganda. Mimi ndiye niliyekuwa natafsiri kwa kipaza sauti, kama wale jamaa wa agasobanuye hapa Rwanda, na Okoye alipomtupia mtu wigi lake usoni nilisahau kutafsiri, nikapiga vigelegele. Kuna wasichana hapa ambao vita wamevijua kwa kukimbia tu. Jioni ile waliona wanawake wameshika mikuki na wanaume wanawatii. Hilo libaki. Mimi na Okoye hatuna ugomvi.

Ugomvi wangu ni na jiwe.

Filamu inatuingiza mgodini. Shuri, dada yake mfalme, anaeleza jinsi jiwe linavyotulizwa kabla ya kusafirishwa, treni zinapita kasi, mlima umetobolewa kwenda chini hadi macho hayafiki. Nimeiona sasa mara tatu, mbili kati ya hizo kwa sababu ya swali la yule mvulana. Sikumwona mtu mwenye sepetu. Sikumwona mtu aliyebeba gunia mgongoni, wala wawili wanaogombana kwenye mizani, wala mama aliyesimama mdomoni mwa shimo baada ya mvua kubwa akiita jina. Jiwe linatoka lenyewe, kama maziwa yanayochuruzika bila ng'ombe kukamuliwa.

Mtaniambia ni hadithi tu. Sawa, ni hadithi. Lakini sisi tunayo jiwe letu la ajabu, linaitwa koltani, na hadithi tunayoisimulia juu yake imekatwa mlemle: utajiri upo, mtu hayupo.

Papa wangu alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, wa ile mishahara ya serikali isiyofika. Mwaka 2000 aliacha chaki akapanda Numbi, kama walivyofanya walimu na wakulima wengi wa Kalehe. Mwaka ule bei ya koltani duniani ilipanda mara nyingi kwa miezi michache, kwa sababu viwanda vya simu na vya mashine za michezo vilikuwa vinaigombania. Papa alinunua redio na mabati ya kuezekea nyumba. Mwaka 2001 bei ikaanguka. Yeye hakujua ilipandishwa na nani, hakujua imeangushwa na nani. Aliwahi kuniambia kwamba siku ile mnunuzi alipoipokea mifuko yake na kumtajia bei mpya, alidhani labda jiwe lake limeoza.

Mimi nilizaliwa kabla kidogo ya hapo, kwa hiyo nimekulia ndani ya hadithi za mashimo. Papa alituambia kuwa jiwe linahama. Mkigombana juu yake linakimbia, mnachimba udongo mtupu wiki nzima. Kabla ya kufungua shimo jipya wenye ardhi walipewa mbuzi na pombe ili mizimu ikubali. Wachungaji wa kanisa letu walikuwa wanalaani mambo hayo kila Jumapili. Mimi siyaamini, lakini ninakiri kitu kimoja: katika uchawi huo wa kwetu mchimbaji yupo. Jiwe linamjua. Linamkasirikia, linamhurumia. Uchawi wa Wakanda na uchawi wa hotuba haumjui kabisa.

Sasa tufuate koltani yenyewe, maana kuna watu wanaokula nayo meza moja kila siku na hawajui inavyotembea. Mchimbaji anaingia na tochi kichwani, patasi na nyundo. Anachotoa hagawani na nchi yake, anagawana na mwenye shimo, ambaye kwetu tunamwita PDG, kana kwamba ana ofisi ya vioo. Kuna wa kuosha mtoni, kuna wa kubeba. Kuna mwenye bunduki kwenye kizuizi, wa jeshi au wa msituni, na majina ya makundi sitayaandika kwa sababu kila anayesoma hapa tayari ana la kwake kichwani na sitaki tupigane kwa ajili ya aya moja. Halafu anakuja negosia, mnunuzi wa kati, ambaye ndiye mwenye mizani na ndiye anayesema jiwe lako lina ubora gani. Negosia anauza kwenye kontwari mjini. Kontwari inauza nje. Huko mbele, China, Kazakhstan, Thailand, kuna viwanda vinavyoitoa ndani ya koltani metali iitwayo tantali, metali isiyoyeyuka mpaka joto lifike karibu digrii 3,000. Inatengenezwa unga, unga unatengenezwa kapasita, kidude kidogo kuliko punje ya mchele, kinachotunza umeme ndani ya simu na kuutoa inavyotakiwa. Simu inarudi Kamembe, inauzwa dukani, na mchimbaji akija kuinunua anaambiwa alipe kwa awamu.

Thamani iliingia wapi hapo? Mimi nimeishia kidato cha mwisho cha sekondari, si mtaalamu wa uchumi. Ila hata mimi naona kwamba iliingia polepole njiani, kwa kila aliyekuwa na kitu ambacho mchimbaji hana: mizani, karatasi, barabara, bunduki, tanuri, hakimiliki. Pale shimoni palikuwa na udongo mweusi mzito na mtu mwenye njaa.

Na jina lenyewe, tantali, lina mzaha wake. Mwanasayansi wa Uswidi, Anders Ekeberg, alipoigundua mwaka 1802 aliipa jina la Tantalo, yule mfalme wa hadithi za Wagiriki aliyeadhibiwa kusimama ndani ya maji mpaka kidevuni. Kila akiinama anywe, maji yanashuka. Ekeberg alikuwa anazungumzia metali ambayo ukiizamisha ndani ya asidi hainywi chochote. Hakuwahi kufika Kalehe, maskini, lakini angefika angedhani tumemwibia mfano.

Nije kwenye zoezi la kuchora, maana ndipo hasira yangu ilipoanza. Asubuhi yake tuliwapa vijana karatasi na rangi. Maelekezo yaliyotoka juu, ambayo niliyatafsiri kwa mdomo wangu, yalisema: chora hazina ya nchi yako. Tulikuwa na vijana 31. Karibu wote walichora mawe. Dhahabu, almasi, koltani, milima imepasuka katikati inatoa miale kama jua. Wapo watoto wa Masisi pale, watu ambao ng'ombe kwao ni kila kitu, na hakuna aliyechora ng'ombe. Hakuna aliyechora samaki wa Ziwa Kivu, wala shamba la muhogo, wala mtu. Isipokuwa yule mvulana. Yeye alichora shimo, na ndani ya shimo mtu amechuchumaa, na tochi. Dada wa shirika, ambaye ana moyo mzuri na ningependa ajue sina chuki naye, aliuliza, "Vizuri, na hazina iko wapi?" Nikatafsiri. Mvulana akainua mabega. Tukapita kwa mwingine.

Nani aliwafundisha watoto hao kwamba hazina ya nchi ni jiwe? Filamu moja haiwezi. Tumewafundisha sisi. Mwanajiolojia Mbelgiji Jules Cornet ndiye anayetajwa kwamba aliiita Kongo kashfa ya kijiolojia, karne ya kumi na tisa ikielekea kuisha, na tangu hapo tumeupokea msemo huo kama kitambulisho cha taifa. Mwalimu anausema darasani, mchungaji anausema kwenye mahubiri, mgombea anausema kwenye kampeni, mzee anausema akiwa kwenye foleni ya unga na kadi yake ya mkimbizi mkononi: "Kongo ni tajiri, sisi tumekalia utajiri." Nimesikia hivyo tangu ninyonye. Utajiri unaoukalia bila kula unaitwa nini, jamani? Hata kuku akikalia mayai siku zikipita bila kitu anainuka.

Daktari Mukwege, wa kwetu Bukavu, alipopokea Nobeli kule Oslo Desemba 2018 alisema naye kwamba ametoka katika moja ya nchi tajiri kabisa duniani. Lakini sentensi iliyofuata ilisema watu wake ni kati ya maskini kabisa, na baada ya hapo akazungumza juu ya wanaofaidi madini na juu ya simu tulizo nazo mikononi. Sisi tunakariri ile sentensi ya kwanza tu.

Tena vibraniamu haikuangukia mahali patupu. Wakanda ilitokea mara ya kwanza kwenye vitabu vya katuni vya Marvel mwaka 1966, kazi ya Stan Lee na Jack Kirby. Hesabuni. Kongo ilipata uhuru 1960. Wiki mbili hazikutimia Katanga ikajitenga, na kampuni ya Union Minière nyuma yake. Januari 1961 Lumumba akauawa hukohuko Katanga. Miaka mitano baadaye Wamarekani wawili wanachora nchi ya Kiafrika yenye jiwe la ajabu, yenye mfalme wake, isiyoguswa na mtu. Sijui walikuwa wanasoma gazeti gani asubuhi, na sitawawekea maneno mdomoni. Ninachojua ni kwamba jiwe la ajabu la kweli lilikuwa limeshatoka Katanga zamani: urani ya Shinkolobwe. Sehemu kubwa ya urani ya mradi wa bomu la Marekani ilitoka kwenye mgodi huo, na tarehe 6 Agosti 1945 Hiroshima ikateketea. Hiyo ndiyo vibraniamu kama mnaitaka, jiwe lililobadilisha dunia. Jina la mwanafizikia aliyeongoza maabara ya bomu mnalijua, ana filamu yake. Sasa nitajieni mmoja tu kati ya Wakongo walioichimba Shinkolobwe.

Kuna kijana mmoja katika kundi letu la mijadala, mbishi kweli, aliniambia tatizo ni kwamba jiwe halikuwa mikononi mwetu, lingekuwa letu tungekuwa Wakanda. Nikamkumbusha kwamba lilikuwa. Mwisho wa mwaka huohuo 1966 Mobutu aliitaifisha Union Minière. Shaba ikawa ya taifa, kobalti ikawa ya taifa, mfalme tukawa naye, na kofia ya ngozi ya chui akavaa. Kilichokosekana mnakijua ninyi mlioishi Zaire. Kijana akanyamaza kidogo, halafu akasema, "Basi tulipata Black Panther wa uongo." Tulicheka mpaka tukafukuzwa kwenye kivuli cha zahanati.

Sasa niwageukie wa mashirika, maana mkidhani mmepona bado. Ninyi mna hadithi yenu juu ya jiwe hilihili. Katika yenu jiwe limelaaniwa, lina damu, simu ina damu, na mtu wa kuliokoa yuko mbali, anasaini barua. Mchimbaji humo anaonekana mara moja tu, kwenye picha, uso una tope, jina halijaandikwa. Julai 2010 Marekani ilipitisha sheria ya Dodd-Frank, na kifungu chake cha 1502 kikazitaka kampuni zieleze kama madini yao yanatoka kwetu na majirani zetu. Kwetu iliitwa sheria ya Obama. Septemba mwaka uleule Rais Kabila akasimamisha uchimbaji wa mikono katika Kivu zote mbili na Maniema, mpaka Machi 2011. Nia zilikuwa nzuri, sikatai, na bunduki kwenye mashimo zilikuwepo kweli. Lakini mimi nilikuwa shule ya msingi. Papa alikuwa amesharudi kwenye mashimo wakati huo, na kwa miezi ile sita minervali haikulipwa. Nilikaa nyumbani namwangalia akirekebisha redio ambayo haikuwa imeharibika. Aliyeandika kifungu hicho hakuwahi kuuliza swali la yule mvulana: nani anachimba, na kesho atakula nini?

Katika filamu kuna mahali ambapo nilitamani kipaza sauti kife. Nakia anamwambia mfalme kwamba Wakanda ina nguvu za kutosha kuwasaidia wanaoteseka nje na kuwapokea wanaohitaji pa kukimbilia. Baadaye W'Kabi, rafiki wa mfalme, analinda mpaka, anajibu upande wa pili: ukiwaingiza wakimbizi wanakuja na matatizo yao, halafu Wakanda inakuwa kama nchi nyingine yoyote. Nililitafsiri neno kwa neno, mbele ya watu zaidi ya mia, wote wakimbizi, wengine wameingia kwa Bugarama Desemba vita vilipofika Uvira na miguu bado imevimba. Hangari ilinyamaza. Mama mmoja aliyekuwa ananyonyesha alisema polepole, "Na huyu naye anatujua."

Nimeifikiria sana ile sentensi. W'Kabi hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu mwenye jiwe. Nchi ikishajengwa juu ya jiwe, swali la kwanza juu ya mtu yeyote linakuwa kama amekuja kulichukua. Wala tusijifanye kwamba hiyo ni tabia ya watu wa filamu. Sisi wenyewe kule juu tuliulizana hivyohivyo: kilima hiki ni cha nani, babu yako alizikwa wapi, wewe ni mwenyeji au umekuja. Majirani waliokuwa wakigawana chumvi waliacha kusalimiana tangu udongo mweusi ulipoonekana kando ya shamba. Wengi wetu tulio hapa tumefukuzwa na swali hilo kabla ya kufukuzwa na risasi.

Najua pingamizi litakalokuja, dada wa shirika ameshaniambia: vijana wanahitaji ndoto, usiwanyang'anye. Nami nakubali wanahitaji. Lakini ndoto gani tuliyompa yule mvulana? Tulimwonyesha kwa saa mbili kwamba jiwe linaweza kuifanya nchi nyeusi iheshimiwe na dunia nzima. Kesho yake tukamwambia achore hazina ya kwao. Yeye peke yake ndiye aliyejua kwamba hazina hiyo haitoki bila mtu kuingia shimoni, na alipotuuliza mtu huyo ni nani, mimi nilimwambia aketi. Akaenda kujijibu. Hakudanganywa na filamu hata kidogo. Alikuwa na miaka 16, hana shule, hana kibali cha kazi, na kitu kimoja alichokiweza vizuri kilikuwa kinasifiwa kwenye ukuta na projekta.

Kwa hiyo naomba, na si kwa upole. Lile zoezi la hazina lifutwe. Filamu ioneshwe, hata kesho, hata na ile ya 2022 ambamo askari wa kukodiwa wanavamia kituo cha Wakanda kule Mali ili kuiba jiwe, lakini baada yake wasimame watu watatu wanne waliochimba kweli. Hawahitaji nauli wala posho ya semina, tunalala nao hangari moja. Waseme shimo lina urefu gani, magunia mangapi yalikwenda kwa PDG, tochi ilinunuliwa na nani. Waseme na ya kuchekesha, yapo mengi. Akina mama waliokuwa wakiosha na kutwanga mawe nao waseme, maana hata katika hadithi zetu za mashimo wao ndio wanaosahaulika kwanza. Kijana akitaka kurudi baada ya kusikia hayo, angalau atarudi akijua mizani ya negosia inavyosomwa.

Mchoro wa yule mvulana ninao, nimeukunja ndani ya daftari la mahudhurio. Dada wa shirika aliuomba kwa ajili ya ripoti, nikakataa, na nikamweleza sababu, na nadhani alinielewa.

Alhamisi ijayo nitaanza na simu. Nataka tuifungue mezani, tuitafute ile punje ya kapasita kwa macho yetu, halafu Papa azungumze. Bisibisi ninayo. Simu iliyokufa sina. Mwenye nayo, iwe ya vitufe au ya kioo, hata imeingia maji, aniletee hangari ya pili kabla ya Jumatano jioni. Sitairudisha ikiwa nzima.